Uchambuzi wa kisa: Kipa aliyepigwa 6 halafu akasajiliwa na timu iliyompiga

Kwanini kisa hiki

Nafundisha makipa vijana na kuna jambo moja linaniumiza karibu kila wikiendi, mechi ikiisha anakuja mzazi au shabiki anasema leo kipa wetu ni moto, kaokoa mara 7, na mimi nikizirudia zile 7 kichwani naona 4 kati yake hazikuwa za kuruka kabisa, dogo alisimama pabaya ndio maana ikabidi aruke. Ila nani atakuelewa ukisema hivyo? Watu wanapenda kuona kipa yuko hewani. So nimeamua niandike kisa kizima cha kipa mmoja wa Uingereza wa miaka ya 1900 mpaka 1920 na kitu, Sam Hardy, ambaye wenzake walimkumbuka kwa kutoruka, na bado alidaka ligi kuu mpaka akapita miaka 40.

Visa vya namna hii kwa kawaida tunaficha jina la mhusika. Huyu ni mtu wa historia, rekodi zake ziko wazi, nimeliacha jina lake na la wachezaji wachache aliokutana nao uwanjani, ila familia yake na maisha yake ya nyumbani nimeyatoa yote, hayatuhusu hapa. Tunachoangalia ni kazi yake golini na maamuzi yaliyomfikisha pale.

Mazingira ya kazi

Lazima kwanza uelewe kipa wa mwaka 1905 alikuwa anafanya kazi gani maana ukimfikiria kama kipa wa leo utakosea kila kitu.

Goli lilikuwa saizi ile ile ya leo, mita 7.32 kwa 2.44. Mistari ya boksi kama tunayoijua, ya yadi 18 na ile ndogo ya yadi 6, ilikuwa ndio kwanza imeingia 1902. Kipa alikuwa anaruhusiwa kushika mpira kwa mkono popote ndani ya nusu yake ya uwanja, yaani hata hatua moja kabla ya mstari wa kati anaushika tu na refa hasemi kitu, ila hakuruhusiwa kutembea nao zaidi ya hatua 2, kwa hiyo wajanja walikuwa wanaudunda kama wa basketi huku wanapanda nao mbele. Mwelsh mmoja maarufu, Leigh Richmond Roose, alijulikana sana kwa hilo, mpaka sheria ikabadilishwa 1912 kipa akaambiwa mikono mwisho ndani ya kumi na nane. Penati nayo, mpaka 1905 kipa aliweza kutoka mpaka yadi 6 mbele kumzibia mpigaji, mwaka huo akaambiwa abaki kwenye mstari. Jezi ya rangi tofauti na wenzake imekuja 1909, kabla ya hapo kipa alivaa sawa na mabeki wake na refa ndani ya msongamano wa kona alikuwa anabahatisha tu nani kashika.

Halafu kuna kupigwa. Mshambuliaji aliruhusiwa kumgonga kipa bega kwa bega akiwa na mpira mikononi, na akifanikiwa kumsukumia ndani ya nyavu na mpira wake hilo ni goli halali. Kwa hiyo kipa aliyedaka akazubaa sekunde 2 alikuwa hatarini kuliko aliyetema. Mpira wenyewe ulikuwa wa ngozi yenye kamba, na hapa watu wanakosea, wanasema mpira wa zamani ulikuwa mzito, hapana, kisheria ulikuwa aunsi 13 mpaka 15, mkavu ulikuwa mwepesi kidogo kuliko wa leo, shida ni ngozi kunywa maji, mvua ya kipindi cha kwanza tu na kipindi cha pili unadaka kitu kingine kabisa. Sabu hakuna, kocha wa makipa hakuna, na mshahara ulikuwa na kikomo cha pauni 4 kwa wiki kuanzia 1901 kwa nchi nzima, uwe nyota uwe nani. Na ukisajiliwa na klabu wewe ni wao, hata mkataba ukiisha huendi popote bila ruhusa yao. Hii ya mwisho ishikeni, inarudi huko mbele.

Na macho ya watu yalikuwa kwa makipa wa vituko. Roose na matembezi yake, au Bill Foulke wa Sheffield United, jitu la watu, ambaye watu walikwenda uwanjani kumwangalia yeye tu. Ndani ya mazingira hayo ndio akatokea kijana mtulivu.

Kilichotokea, kuanzia Newbold

Hardy alizaliwa 1882 Newbold, pembeni ya mji wa Chesterfield, kwenye Derbyshire, na akaanza kudaka Chesterfield Town daraja la pili mwaka 1903. Msimu wa 1904-05 Liverpool nao walikuwa daraja la pili wanapambana kupanda, wakakutana na Chesterfield, wakampiga yule kijana magoli 6.

Hapa ndio kisa kinapoanza kunoga kwa mtu anayefundisha. Kawaida kipa akipigwa 6 kesho yake anatafutwa kipa mwingine. Meneja wa Liverpool wakati ule, Tom Watson, mtu ambaye alishachukua ubingwa akiwa Sunderland, alitoka kwenye ile mechi na wazo tofauti, kwamba bila yule dogo yangekuwa zaidi ya 6. Msimu ulipoisha, Mei 1905, akamsajili.

Akifika Anfield, uwanja wa Liverpool, anamkuta golini Ned Doig, Mskoti mkongwe anayekaribia miaka 39, aliyebeba mataji na Sunderland chini ya huyo huyo Watson na aliyetoka kuwapandisha daraja. So Hardy akakaa nje. Msimu wa 1905-06 ukaanza vibaya, magoli yanaingia, na baada ya mechi 8 Watson akafanya uamuzi mgumu, akamweka pembeni mzee wake akamwingiza Hardy, Oktoba 21 mwaka 1905 dhidi ya Nottingham Forest, Liverpool wakashinda 4-1. Hardy akadaka mechi zote 30 zilizobaki na Liverpool wakawa mabingwa wa Uingereza kwa pointi 51, nne mbele ya Preston. Ilikuwa mara ya kwanza timu kuchukua daraja la pili na la kwanza kwa misimu miwili inayofuatana.

Februari 1907 akaitwa timu ya taifa, mechi ya kwanza na Ireland pale Goodison Park, 1-0. Kuanzia hapo kipa namba moja wa England alikuwa yeye, kwa miaka mingi, na Liverpool akadaka mechi zaidi ya 200.

1912, Liverpool wanamwachia

Msimu wa 1911-12 Liverpool walimaliza nafasi ya 17, yaani walinusurika kushuka kwa pumzi ya mwisho. Walikuwa wameshamleta kipa mwingine kijana, Mskoti Kenny Campbell. Majira ya joto 1912 wakamwachia Hardy aende Aston Villa, ana miaka 29, na pamoja naye beki wa kati Jimmy Harrop. Kumbukeni huo ni mwaka ule ule sheria ya mikono imebadilishwa, makipa wote nchini wanajifunza upya mipaka ya kazi yao.

Na hapa nataka tutue kidogo. Roose na wa aina yake walipoteza silaha yao kubwa siku ile sheria ilipopita. Hardy alipoteza nini? Karibu hakuna. Kazi yake ilikuwa mita chache mbele ya mstari wa goli, kati ya mpira na nyavu, na hiyo sehemu hakuna sheria iliyoigusa. Mimi nikisoma historia yake hii ndio sehemu inayonisisimua kuliko makombe.

Fainali ya 1913

Aprili 19 mwaka 1913, Crystal Palace, Aston Villa na Sunderland, watu zaidi ya 120,000 uwanjani. Hizi zilikuwa timu 2 bora za nchi, Sunderland walimaliza bingwa wa ligi na Villa wa pili. Kipindi cha kwanza Charlie Wallace wa Villa akakosa penati. Kipindi cha pili Hardy akaumia, akatoka nje kutibiwa.

Sabu hakuna. Villa wamebaki 10, golini hakuna mtu, na mbele yao Sunderland wana mshambuliaji Charlie Buchan na wenzake. Aliyeingia golini ni Harrop, beki wa kati. Kwa dakika kadhaa Sunderland wakawakandamiza na Villa wakashika, Hardy akarudi golini akiwa hayuko sawa, na baadae Wallace yule yule aliyekosa penati akapiga kona, Tommy Barber akafunga kwa kichwa. 1-0. Kombe la kwanza la FA kwa Hardy.

Vita, na kurudi

1915 ligi ikasimamishwa mpaka 1919. Fanyeni hesabu, alikuwa na miaka 32 ligi iliposimama, ilipoanza tena ana 37. Kwa kipa ile ni miaka ya dhahabu, umeshaona kila aina ya shuti na mwili bado unakubali, na yote imeenda na vita. Wakati wa vita wachezaji waliruhusiwa kucheza kama wageni kwenye klabu zingine na yeye alidakia Nottingham Forest kwa njia hiyo.

Alirudi Villa 1919 na watu wangeelewa kabisa kama angekuwa ameisha. Aprili 10 mwaka 1920, Hillsborough, England na Scotland, mapumziko Scotland wanaongoza 4-2, mechi ikaisha England 5-4. Ilikuwa mechi yake ya 21 na ya mwisho timu ya taifa, miaka 13 tangu ya kwanza. (21 inaonekana ndogo ila enzi zile England ilicheza sana sana mechi 3 kwa mwaka na majirani zake, na vita ikala misimu kadhaa.) Wiki 2 baadae, Aprili 24, yuko Stamford Bridge anadaka fainali ya FA dhidi ya Huddersfield, Villa wakashinda 1-0 kwenye muda wa nyongeza goli la Billy Kirton. Yaani jamaa amefungwa 4 na Scotland, siku 14 baadae anamaliza dakika 120 za fainali bila kufungwa, na umri wake miaka 37.

1921 akahamia Nottingham Forest, daraja la pili, karibu na kwao Chesterfield. Msimu wa kwanza tu Forest wakachukua ubingwa wa daraja la pili wakapanda. Akaendelea ligi kuu mpaka 1924 alipoacha kwa sababu ya majeraha, ana miaka 42.

Maamuzi na sababu zake

Uamuzi wa kwanza ni wa Watson 1905 na kwangu huu ndio mkubwa kuliko yote. Ubao ulisema 6. Yeye hakuangalia ubao aliangalia yale 6 yaliingiaje na yale mengine yaliyotakiwa kuingia yalizuiwaje. Mtu anayeamua kwa matokeo peke yake asingemsajili Hardy milele. Na jiulizeni, kwenye mabonanza yetu ya kusaka vipaji, kipa akipigwa 6 kuna mtu anaandika jina lake kwenye daftari?

Wa pili ni ule wa kumpumzisha Doig. Watson alikuwa anadaiwa shukrani na mzee yule, na bado baada ya mechi 8 akabadilisha. Hakungoja 15. Ila pia hakumwingiza Hardy siku ya kwanza, alimwacha kwanza aone ligi kuu inachezwaje kutoka pembeni. Sijui makocha wangapi leo wana subira hiyo na ujasiri huo kwa pamoja.

Wa tatu, 1912, ni wa klabu. Kama nilivyosema mchezaji hakuwa na sauti, klabu ndio yenye usajili wake. Wengi wanasema Liverpool walikosea sana na ukiangalia makombe 2 ya Villa ni rahisi kusema hivyo. Mimi siko huko moja kwa moja. Timu imetoka kunusurika kushuka, una kipa kijana ndani, una kipa wa miaka 29 ambaye klabu kubwa inamtaka. Campbell hakuwa mbovu, aliwafikisha Liverpool fainali ya FA 1914 na baadae akadakia Scotland. Walichokosea naona ni kuhesabu umri wa kipa kama wa winga. Winga anaishi kwa mbio, mbio zikiisha kaisha. Kipa anayeishi kwa kujua asimame wapi anazidi kuwa mzuri akiwa na 30, 33, 35, na Hardy ndio ushahidi wenyewe.

Wa nne ni wake mwenyewe, kuendelea baada ya vita na kukubali kurudi daraja la pili akiwa na karibu miaka 39 baada ya makombe yote yale. Kwenda Forest hakuonyeshi mtu anayeona aibu kushuka, anaonyesha mtu aliyetaka kudaka.

Kilichofanya kazi

Charlie Buchan, aliyekuwa upande wa pili ile fainali ya 1913, aliandika miaka mingi baadae kwamba Hardy ndiye kipa bora aliyewahi kucheza dhidi yake, na kwamba mpira ulikuwa kama unavutwa na sumaku kwenda mikononi mwake. Washambuliaji huwa wanaelezea makipa kwa namna moja, alinipangulia shuti fulani. Buchan yeye anaelezea kitu kingine, kwamba ukipiga unakuta ameshafika.

Sasa tuivunje hiyo sumaku, kwasababu sumaku haifundishiki ila kujipanga kunafundishika. Mpira ukiwa katikati mita 20, kipa akisimama kwenye mstari ana mita 3.66 kila upande, hiyo lazima uruke. Akitoka mita 2 na nusu au 3 kuelekea mpira, akabaki kwenye mstari ule unaotoka kwenye mpira kwenda katikati ya goli, upande wa kila mkono unapungua na mashuti mengi yanayokwenda pembeni yanampita karibu na mwili. Akitoka sana anapigiwa ya juu. Kwahiyo kila mpira unaposogea pasi moja yeye anasogea hatua 1 au 2, na hizo hatua ndogo ndogo ambazo hakuna anayezipigia makofi ndio kazi yenyewe. Akifanya hivyo mechi nzima shabiki atasema leo kipa hakupata kazi.

Na kwa zama zile faida ilikuwa mara mbili. Anayeruka anaanguka chini, na kipa aliyelala chini na mpira mbele ya washambuliaji wanaoruhusiwa kumgonga yuko pabaya. Anayedaka amesimama anautoa mpira haraka kabla bega halijafika. Naamini hii ndio sababu mojawapo mwili wake ulihimili mpaka 42, japo alifanya kazi hiyo miaka zaidi ya 20 kwenye viwanja vya matope.

Kitu cha Harrop pia kinahesabika. Yule beki aliyeingia golini 1913 alikuwa amecheza mbele ya Hardy tangu Liverpool, miaka 4 akimsikia nyuma yake na kumwangalia anavyosimama. Hakuwa kipa ila alijua goli linalindwaje.

Kilichofeli

Ile fainali ingeweza kupotea pale pale. Makombe tunayosoma leo yasingekuwepo kama Sunderland wangefunga moja kwenye zile dakika, na timu haikuwa na kinga yoyote zaidi ya beki jasiri. Sheria ndio ilikuwa hivyo, sawa, lakini hata leo timu nyingi za vijana zinakwenda kwenye mashindano na kipa mmoja na hakuna mchezaji wa ndani aliyewahi kuvaa glavu hata mazoezini. Mimi kwa sasa kila wiki nachagua beki mmoja anadaka dakika 20 za mwisho za mazoezi.

Kingine ni kwamba utaalamu wake haukurithishwa. Hakukuwa na mfumo. Hakuna aliyekaa na Hardy akaandika hatua zake, kocha wa makipa alikuja miongo mingi baadae, na alichokuwa anakijua kikabaki kwenye kumbukumbu za waliocheza naye. Alifariki 1966, mwaka ambao England walichukua Kombe la Dunia na Gordon Banks golini, kipa aliyesifiwa sana kwa kujipanga, na aliyelazimika kujifunza kivyake kwa masaa mengi baada ya mazoezi ya wenzake kuisha.

Na onyo kwa tunaofundisha, msitoke hapa mkawaambia watoto wasiruke. Hardy alidaka wakati ambao ili usiwe ofsaidi ulihitaji wachezaji 3 wa timu pinzani mbele yako na sio 2, hiyo ilibadilika 1925 baada ya yeye kustaafu, so mashambulizi yalikuwa yanakatwa mapema zaidi. Mpira wa leo unapinda hewani, mashuti yanatoka mbali, kuruka lazima ujue na ujue vizuri. Ninachosema ni mpangilio wa ufundishaji, miguu kwanza halafu kuruka.

Zoezi ninalotumia ni la zamani na halihitaji pesa. Kamba 2 ndefu, moja unafunga mlingoti wa kushoto nyingine wa kulia, ncha zake unazikutanisha pale mpira ulipo, umepata pembetatu. Kipa anasimama ndani ya kamba, ananyoosha mikono, anaona mwenyewe kabakiza kiasi gani kila upande. Anasogea hatua moja mbele, anaangalia tena. Unahamisha mpira kulia, kamba zinahama, anahama. Hakuna shuti hata moja linalopigwa kwa dakika 15 za kwanza. Wanalalamika sana wiki ya kwanza, wiki ya tatu wanaanza kurekebishana wenyewe, we mwambie huyo asogee kushoto kidogo, kaacha nafasi.